Kiganja cha Saba

Mwaka juzi, baada ya mvua za masika, nilipata kazi ya kuwapikia mafundi. Wali, maharage, na siku wakibahatika, kambale wa mchuzi wa nazi. Kazi yao ilikuwa pale pale kitongojini kwetu, ukivuka mto kutoka Mbuchi, kwenye ile nyumba ya mawe ambayo watoto wote wa kule wamekatazwa kuichezea na wote wameichezea, mimi nikiwa wa kwanza.

Mto umekula kila kitu kwetu. Umekula msikiti wa zamani, umekula makaburi, umekula minazi ya babu na choo cha shule ambacho hakikuwa hata na miaka miwili. Nyumba ile haukuigusa. Ulikuwa ukifika pale unapinda, unaizunguka, unaendelea na safari yake. Sisi tulisema wazee walichagua mahali pazuri.

Serikali nayo iliipenda. Waliweka kibao: jengo hili linalindwa kisheria, ni kosa kubomoa, kuchimba au kubadilisha sehemu yake yoyote. Nilikuwa nakisoma nikicheka peke yangu. Nyumba zetu za udongo zinakwenda na maji kila mwaka na hakuna aliyewahi kuziwekea kibao.

Sasa masika yale, lipu ya ndani ilidondoka kipande, na mwezi huohuo mto ukala hatua ishirini kuelekea ile nyumba. Ndipo akaja Afisa Deusdedit wa majengo ya kale, mtu wa Kigoma, mpole, anayeogopa mtumbwi kuliko mamba. Alikuja na fundi Nurdini, vibarua wawili, na picha ya zamani sana ndani ya bahasha ya plastiki.

Picha ilionyesha ukuta wa sebuleni. Kwenye chokaa ya ukuta ule kulikuwa na alama za viganja, vimebonyezwa kwa mstari, usawa wa kifua. Kwenye picha vilikuwa saba. Ukutani nilihesabu sita. Cha saba, kidogo kuliko vyote, kilianguka na ile lipu.

"Sisi haturuhusiwi kuongeza wala kupunguza," Afisa akatuambia. "Vilikuwa saba, vitarudi saba."

Nurdini akapiga lipu mpya ya chokaa iliyolowekwa wiki mbili, kama walivyofanya watu wa kale, akajaribu kuchonga kiganja kwa mwiko. Nilikuwa namsaidia ndoo, mikono yangu yote chokaa.

"Fundi," nikamwambia, "hicho kiganja au mguu wa kuku?"

Vibarua wakacheka, na Nurdini naye akacheka. Warda alikuwa amekaa mlangoni akila ukoko. Alikuwa mtoto wa mdogo wangu Zena, mtoto wake wa pekee, miaka sita, na baba yake alishafariki. Nurdini akamtazama, akachukua picha, akaulinganisha mkono wa mtoto na kile kiganja cha kwenye picha, akipimia vile sita vilivyobaki. Vilikuwa sawa, akamwita ukutani.

Warda alipougusa ukuta akarudisha mkono. Chokaa mbichi ni baridi. Mimi ndiye niliyemshika kifundo. "Acha woga, mwanangu, chokaa tu hiyo." Nikamsukuma mkono, nikaubonyeza mpaka vidole vikazama.

Kiganja kilitoka kizuri ajabu. Afisa akakipiga picha kwa simu yake. Warda hakulia.

"Mama mkubwa," akasema, "kuna mtu amenishika."

"Mimi ndiye niliyekushika."

"Si wewe. Wa huko ndani."

Nikampa ukoko mwingine. Kwenye kifundo chake zilibaki alama za vidole vyangu, nyeupe, kwa ile chokaa, hata kovu la kisu la gumba langu likionekana. Nikamwosha kwa maji, nikampaka mafuta ya nazi, zikatoka.

Jioni Zena akaja kwangu amekasirika. "Dada, umemlisha nini mtoto? Chumvi? Kamaliza ndoo nzima ya maji." Nikamwambia ni jua. Kesho yake midomo ya Warda ilikuwa imepasuka. Keshokutwa ngozi yake ilipauka, na ukimgusa unabaki na unga mweupe vidoleni. Tulimpeleka zahanati. Haiko mbali, ni kama hatua mia kutoka ile nyumba. Muuguzi akamtundikia dripu, ikaisha, akatundika nyingine, ikaisha. Mtoto hakukojoa hata tone.

"Yanaingia, hayatoki," muuguzi akaniambia pembeni, kwa sauti ya chini. "Sijui yanakwenda wapi."

Yalikokwenda nilikuona siku ya nne. Nurdini aliniita niache sufuria niende sebuleni. Ukuta wote ulikuwa umekauka, isipokuwa kile kiganja. Kilikuwa kinatoa maji. Yalichirizika taratibu kutoka katikati ya kiganja, yakashuka mpaka sakafuni, yakapita mlangoni kuelekea mtoni. Nurdini alinionyesha kidole gumba cha kile kiganja. Kidole gumba kilikuwa kimeanza kukauka, kigumu, cheupe.

Nilikimbia zahanati na mwiko mkononi. Nikamshika Warda gumba. Halikukunjika.

Bibi yetu mzaa mama, Mwajabu, alikuwa hajui lolote. Miguu yake haimpeleki popote, anashinda barazani akisuka mkeka. Zena na mimi tulimweleza yote tukiwa tumepiga magoti. Tulipofika kwenye la kiganja, mikono yake ikaacha kusuka.

"Mmeweka mkono wa mtoto?" akanong'ona.

Akatueleza alichoelezwa na mama yake. Mwenye nyumba alitaka mto usimguse. Akaleta watu saba wasio na wa kuwatetea, akawabonyeza mikono ukutani, mmoja mmoja. Wa mwisho alikuwa mtoto wa mmoja wao. Wote walikufa kwa kiu, huku mto unapita mbele yao na wanapewa maji wanywe watakavyo. Ndio wanaoishika nyumba. Mmoja akiachia, nyumba inatafuta mwingine.

"Chokaa ile haikauki," bibi akasema, "mpaka mwenye mkono akauke."

Zena hakusubiri amalize. Alichukua jembe.

Nilimkuta ameshafika sebuleni, na Afisa Deusdedit amesimama mbele ya ukuta amenyoosha mikono.

"Mama, nakuomba. Ukuta huu unalindwa. Utafungwa."

"Nifunge," Zena akasema. "Nifunge mwanangu akiwa hai."

"Nipe siku mbili. Nitapiga simu Dar, niombe kibali."

"Mwanangu hana siku mbili."

Yule bwana alimtazama, akatazama maji sakafuni. Alikuwa ameyaona tangu asubuhi na alikuwa amejiambia ni unyevu. Akashusha mikono, akasogea.

Zena alipiga pigo moja tu. Jembe likamega ncha ya kidole cha mwisho cha kile kiganja. Papo hapo tukasikia ukelele kutoka zahanati. Warda hakuwa na sauti tangu juzi yake. Ukelele ule ulikuwa wake.

Tulikimbia. Muuguzi alikuwa ameushika mkono wa mtoto. Ncha ya kidole cha mwisho haikuwepo. Hapakuwa na damu kitandani. Palikuwa na unga.

Zena aliketi sakafuni akalia mpaka sauti ikakatika. Nimewahi kuona watu wakilia msibani. Kule si kulia msibani. Alikuwa anamlilia mtu anayemwangalia.

Tulirudi kwa bibi. Alishausikia ukelele.

"Hakivunjwi," akasema. "Kinafunikwa. Mkono mkubwa juu ya mdogo, na mwenyewe aridhie. Akiridhia, mtoto anaachiwa. Nendeni kabla vidole vyote havijakauka."

"Wako, bibi?" Niliuliza mimi. Sioni haya kusema kwamba niliuliza. Naona haya kwa mengine.

Bibi akanyoosha mikono yake, mikavu, ngozi juu ya mfupa. "Huu umeshakauka. Hauna cha kunywewa."

Tulibaki wawili, Zena na mimi. Ni mimi niliyemshika yule mtoto kifundo. Ni mimi niliyemsukuma mkono na kumwambia aache woga. Kila mtu pale alijua hivyo, na aliyejua zaidi nilikuwa mimi.

"Nina watoto wanne," nikasema.

Zena akanitazama, si kwa muda mrefu. Hakunilaumu. Angenilaumu ningepata la kujibu. Alijifunga kanga vizuri kiunoni, akatoka.

Nurdini alikuwa ameshapanda mtumbwi na vibarua wake, hata vyombo wameacha. Afisa Deusdedit alibaki. Alipiga ishara ya msalaba, akakunja mikono ya shati, akakoroga chokaa mwenyewe, yeye ambaye hakuwahi kushika mwiko maishani mwake. Akaipaka juu ya kile kiganja kidogo. Machozi yalikuwa yanamdondokea ndani ya ndoo. Ilikuwa saa kumi alasiri, jua linaingia dirishani, nje mbuzi wanalia kama siku yoyote.

Zena akainua mkono wa kulia. Ukafika karibu na ukuta, ukasimama.

"Mkono unakataa, dada," akasema. "Mimi nimeridhia. Mkono ndio unakataa."

Akanigeukia.

"Nisukume."

Nilimshika kifundo. Kilikuwa na joto, na mapigo yanakimbia. Nikamsukuma. Nikaubonyeza mpaka vidole vikazama. Nikamwona anafumbua macho makubwa, anaangalia ukuta.

"Wapo," akanong'ona. "Wamenishika."

Aliutoa mkono bila taabu. Tulipofika zahanati, shuka la Warda lilikuwa limelowa mkojo. Muuguzi alikuwa anacheka na kulia kwa wakati mmoja. Mtoto akaomba uji.

Zena alimlisha kwa mkono wake. Usiku ule Zena alikunywa maji mtungi mzima.

Hatukumficha Warda hali ya mama yake. Zena mwenyewe alikataa afichwe. Siku zote tisa alizobaki hai, mtoto alikaa ubavuni pake, anampepea kwa kawa, anamsimulia habari za shule. Zena alikuwa mtu mzima, alikauka polepole kuliko mtoto. Mwishoni hakuweza kukunja kidole hata kimoja. Alisema jambo moja tu kwangu. "Mpeleke mbali na mto." Tulipombeba kwenda kuzikwa, watu wawili walitosha, na kitanda kilikuwa kizito kuliko yeye.

Siku hiyohiyo nilipita sebuleni. Ukuta ulikuwa mkavu, mweupe, mzuri. Viganja saba. Na mto, wallahi, ulikuwa umeanza kujipinda.

Nilihama na watoto wangu wanne na Warda, tukaja Mtawanya. Huku kuna mihogo, mikorosho na vumbi. Mto hauonekani wala hausikiki. Afisa Deusdedit alihamia ofisi nyingine, lakini alinitumia picha ya ukurasa mmoja wa ripoti yake. Ameandika: kiganja cha saba ni kikubwa kuliko kile cha picha ya awali, sababu haijulikani. Nimeusoma mara nyingi. Sijamjibu.

Warda sasa ana miaka minane. Ana afya, ana mdomo, anajua kujibu kama mama yake. Ncha ya kidole chake cha mwisho haikuota, lakini anaandika vizuri. Nilikuwa nimeanza tena kulala usiku.

Ijumaa iliyopita asubuhi nilikuwa namwandaa kwenda shule. Nikamkunja mkono wa sare nimwoshe, nikaona alama kwenye kifundo cha mkono wa kulia. Vidole vinne upande huu, gumba upande ule, vyeupe. Nikamsugua kwa maji. Nikampaka mafuta ya nazi. Nikachukua mchanga. Alama haikutoka. Ilikuwa mbichi, na ilikuwa baridi.

Nilijiambia ni mama yake. Mama anamshika mwanawe asiende, kuna ubaya gani? Zena alikuwa na kidole cha mwisho kilichopinda, alivunjika utotoni tulipokuwa tunagombania embe. Nikainama kukitafuta kile kidole kilichopinda, na moyo wangu ulikuwa unaomba, unaomba kweli.

Kidole kilikuwa kimenyooka.

Nikaweka vidole vyangu juu ya ile alama, taratibu, kimoja kimoja. Vilikaa sawasawa. Hata kovu la kisu kwenye gumba langu, nalo lilikuwepo.

Sikuwa nimemkaza. Naapa sikuwa nimemkaza hata kidogo. Lakini Warda alikuwa anaangalia ukuta wa udongo nyuma yangu, ametoa macho makubwa.

"Mama mkubwa," akanong'ona, "usinisukume tena."