Mgeni Katika Akaunti ya Clifford

Mashine ilimwambia Clifford kwamba Clifford ameshaingia.

Ndivyo ilivyoanza, kwa maandishi madogo mekundu chini ya kisanduku cha paswadi: akaunti hii inatumika sasa hivi kwenye kompyuta nyingine. Jambo la kawaida kabisa. Nenda chumba chochote cha gemu Nairobi, utaliona kila siku, na kila siku ni uzembe wa mtu tu: ameacha akaunti wazi kwa rafiki, au saa ya kompyuta imepotoka na seva imekataa kumwamini. Kwa hiyo Clifford hakushtuka. Aligeuza shingo akaita, "Waithera! Imenikataa tena!"

Waithera ndiye aliyekuwa na chumba kile, ghorofa ya kwanza juu ya duka la dawa, Kilimani, na ndiye dada yake mkubwa. Alimzidi miaka tisa hivi. Tangu baba yao afariki alikuwa amemlea kijana huyu kama wa kumzaa, na mama yao Hannah, aliyeuza mboga soko la Dagoretti, alikuwa amemkabidhi bila kuzunguka: "Huyu ni wako. Akipatwa na jambo, nitakuuliza wewe." Basi Waithera akampa kitanda, chakula, na kompyuta ya pale konani, nzuri kuliko zote. Sasa Clifford alikuwa na miaka ishirini na timu yake ya gemu, na dada mtu alikuwa akimjivunia hadi kuwachosha wateja.

"Umeacha wazi wapi?" aliuliza.

"Sijaacha popote, haki ya Mungu."

"Wewe na haki ya Mungu yako! Sogea huko."

Akaketi, akaanza kazi anayoijua. Alibadilisha paswadi. Alirekebisha saa ya kompyuta. Alizima modemu ya intaneti akaiwasha upya. Aliiamuru akaunti itoke kwenye mashine zote, namba ya uthibitisho ikaja kwenye simu ya Clifford, akaiandika. Ikakubali. Kabla hajainua mkono kutoka kwenye kibodi, maandishi mekundu yakarudi: akaunti hii inatumika kwenye kompyuta nyingine.

Hapo akafungua ukurasa unaoonyesha mashine zote ambamo akaunti iko wazi. Ilikuwepo moja tu. Haikuwa na jina. Mahali palipoandikwa palikuwa Kilimani, na alipoitazama ile anwani ya intaneti aliitambua mara moja, kwa sababu aliilipia mwenyewe. Ilikuwa ya chumba kile kile.

"Nani mwingine amewasha kompyuta humu?" aliuliza.

"Nani tena? Si tuko wawili tu," alisema Clifford. "Hata hujafungua mlango vizuri." Kweli, skrini zote nyingine zilikuwa nyeusi. Ndipo Waithera alipoisikia harufu, ya nywele zilizoungua, na chini yake kitu kitamu, kama waridi lililoachwa kwenye maji yale yale wiki nzima. Alidhani ni waya, akainama kunusa nyuma ya kompyuta. Haikutoka huko.

Simu ya Clifford ikalia. Alikuwa Rohan, mwenzake wa timu, aliyekaa kwao Kitisuru. Clifford akamweka kwenye spika.

"Niaje buda," Rohan alisema. "Leo umeamka na moto. Lakini mbona huongei?"

"Niongee wapi?"

"Kwa gemu! Si uko na sisi hapa? Umemaliza watu wote pekee yako."

"Rohan, mimi siko ndani. Imenikataa tangu asubuhi."

Sauti ya Rohan ilishuka, kama ya mtu aliyeziba mdomo kwa kiganja. "Wacha mchezo, Cliff. Kama si wewe, ni nani huyu anapumua kwa maiki yako?"

Mimi ningeteremka ngazi pale pale, na viatu ningevifuata baadaye. Lakini fundi ana kiburi chake. Kasoro ikimkera hawezi kuiacha, na Waithera alijiambia ni mwizi wa akaunti tu, labda jirani anayeiba intaneti yao. Akaamua kuachana na intaneti ya hewani na kuunganisha kompyuta kwa waya. Alijitia hedifoni za Clifford masikioni ili asikie mashine ikilia itakapokubali, akaingia chini ya meza.

Alikuwa huko kwenye vumbi, waya mkononi, aliposikia sauti ya upole karibu na sikio lake.

"Hodi."

Sasa elewa maisha ya mwanamke huyu. Mlango wake uko wazi kuanzia asubuhi hadi jioni, kila anayeingia anabisha hodi, naye kutwa nzima kichwa chake kiko ndani ya tumbo la kompyuta ya mtu. Mdomo wake ulikuwa umezoea kuitikia wenyewe, bila kumwuliza.

"Karibu, ingia tu," alisema. "Clifford, hebu mhudumie huyo."

"Nani?"

"Aliyebisha hodi."

"Hakuna mtu mlangoni, dada."

Waithera alitoka chini ya meza haraka hata akagonga kichwa. Mlangoni palikuwa patupu. Skrini ilikuwa imefunguka, rangi zote zinang'aa, na jina la Clifford limeandikwa katikati kwa herufi kubwa. "Imekubali!" Clifford alipiga makofi. "Wewe ni noma, dada!" Akamvua hedifoni, akaketi, akajivika. Zilipofunika masikio yake tu, tabasamu likafutika usoni.

Tangu hapo akawa mpole, na huo upole ndio uliomtia dada yake hofu. Clifford wa kweli ukimwambia anywe chai atakwambia, "Wacha kunisumbua." Huyu alisema, "Ndiyo, dada," na chai ikapata utando mbele yake. Hakuinuka kitini. Hakupepesa macho. Vidole vyake vilikimbia kwenye kibodi hata pale gemu lilipokuwa limesimama. Wateja waliokaa karibu naye walihama meza, kisha wakakumbuka shughuli zao, wakaondoka mmoja mmoja bila kutazama nyuma. Waithera alifunga chumba jioni akimvuta mkono nduguye waende kulala, na mkono ule ulikuwa mzito na wa moto, haukusogea hata kidogo. Alikaa naye hadi kukakucha. Asubuhi akampigia mama yao, akamwekea Clifford simu sikioni.

Walizungumza kidogo. Clifford alijibu vizuri, alimwuliza mama hali ya magoti yake, hali ya sukumawiki, hali ya majirani. Waithera alipoichukua simu, akasikia mama yake akipumua kwa shida.

"Waithera," mama alinong'ona, "huyo niliyeongea naye ni nani?"

"Ni Clifford, mama."

"Usinidanganye. Mtoto wangu yuko wapi? Nilikuachia wewe. Yuko wapi?"

Alisema "Nitakupigia," akakata, na machozi yakamtoka.

Mchana huo mvua ya baridi ilianza, na stima ikapotea mtaa mzima. Skrini zote zikazimika, feni zikanyamaza, jenereta za majumba makubwa zikaanza kunguruma mbali, na Waithera alipogeuka aliona kwamba ile skrini ya konani bado inawaka, inamulika uso wa Clifford kwa mwanga wa buluu, akaenda akachomoa waya ukutani na kuushika mkononi ili auone kwa macho yake, na bado ikawaka, na ile harufu ya nywele na waridi bovu ikapanda hadi akaionja ulimini, na hapo nyuma yake, kutoka kwenye hedifoni kuukuu zilizotundikwa kwenye msumari, hedifoni zisizounganishwa na kitu chochote duniani, akasikia mtu analia.

"Dada? Dada, nifungulie. Imenikataa. Kila nikijaribu kuingia inaniambia niko ndani tayari. Nani amekaa kwa kiti yangu?"

Ngai, Mungu wangu! Hakumbuki alivyoteremka zile ngazi.

Chini, kando ya duka la dawa, aliishi mwenye nyumba, Zeenat, mjane wa Kiislamu mwenye asili ya Kihindi, aliyezaliwa papa hapa Nairobi. Wapangaji walijua kwamba huwasomea watu wenye mashetani. Walikuja hata wenye magari makubwa, wakaegesha mbali kidogo ili wasionekane. Waithera, mtoto wa kanisa, hakuwahi kumwuliza neno juu ya hayo. Sasa alipiga mlango wake kwa ngumi zote mbili.

Zeenat alifungua akiwa ameshajitanda mtandio, tasbihi mkononi. "Harufu hii naisikia tangu jana," alisema kwa sauti ya chini. "Nani alimkaribisha?"

"Hakuna aliyem—"

"Hawa hawaingii kwa watu bila kukaribishwa, mwanangu. Nani?"

Waithera akakumbuka vumbi, na waya, na ile sauti ya upole. "Ni mimi, mama. Nilisema karibu."

Zeenat alifumba macho. "Basi nisikilize vizuri. Mimi nitasoma, nitamshikilia asikudhuru. Lakini neno la kumtoa ni lako wewe, mwenyeji. Huko juu wako wawili, mmoja ni wako, mmoja si wako. Utakayemwambia toka, atatoka. Na akishatoka, mimi sina uwezo wa kumrudisha."

"Nitamjuaje?"

"Wewe ndiye uliyemlea. Mimi nimjue kwa lipi?"

Walipanda. Zeenat alisimama katikati ya chumba akaanza kusoma, kwanza polepole, na kiti cha konani kikageuka. Clifford akawatazama kwa macho makavu. "Dada," alisema, "mbona umeleta mtu? Mimi niko salama." Kule msumarini ile sauti nyingine ikapiga yowe: "Usimsikilize! Dada, huku ni giza, kuna watu wananishika miguu, nifungulie!"

Waithera alijishika kichwa. Huyu alikuwa na uso wa nduguye, na yule alikuwa na kilio chake. Alitaka kumkumbatia huyu na kumkimbilia yule. Na katika hofu ile akashika kitu pekee alichokiamini, kazi yake. Mtu akipoteza akaunti na wawili wakadai ni yao, fundi hufanyaje? Huuliza jambo ambalo mwenyewe tu analijua.

"Ulipokuwa mdogo," alisema, "uliumwa na mbwa wa akina Kuria. Nilikufunga mguu na nini?"

"Na kitambaa cha mama cha kanisani," alijibu aliyekaa kitini, bila kufikiri. "Cheupe, kina maua ya buluu pembeni. Ukakifukia nyuma ya choo, ukaniambia nisimwambie mtu."

Kweli tupu. Hakuna mtu mwingine aliyejua hilo, hata mama.

Akageukia msumari. "Na wewe? Na nini?"

"Na... na sweta yako? Ama leso? Dada, sikumbuki, nilikuwa nalia tu. Niulize ingine. Tafadhali niulize ingine!"

Zeenat alikuwa akisoma kwa sauti kubwa sasa, jasho linamtiririka, madirisha yanatikisika kwenye fremu zake. "Sema, mwanangu! Simwezi tena!"

Waithera alizinyakua zile hedifoni msumarini, akazishika mbele ya uso wake kwa mikono miwili.

"Toka," alisema. "Si wewe. Toka kwangu, usirudi tena!"

"Dada, ni mi—"

Kimya.

Harufu ikaondoka yote kwa mara moja. Stima ikarudi, feni zikaanza kuzunguka, na mvua ikasikika kama mvua. Aliyekaa kitini akapepesa macho, akanyoosha mikono kama mtu aliyetoka usingizini, akacheka. Akaichukua ile chai baridi akainywa yote. Zeenat akashusha pumzi, akasema "Alhamdulillahi," akaketi sakafuni kwa uchovu. Waithera alimrukia nduguye akamkumbatia, akilia na kucheka pamoja, akimpapasa uso, mabega, masikio. Alikuwa wa vuguvugu sasa, kama mtu yeyote.

"Umekumbuka hata maua!" alisema. "Mimi mwenyewe nilikuwa nimeyasahau! Ulikuwa mdogo vile, umekumbuka hata maua!"

"Mimi sisahau kitu, dada," alisema, akimpangusa machozi kwa kidole gumba. "Nakumbuka yote. Nakumbuka hata siku uliyozaliwa wewe. Mvua ilikuwa inanyesha hivi hivi, mama alikuwa peke yake, akakuita jina la mama mkwe wake kabla hujatoa sauti. Nilikuwa nimesimama mlangoni. Nilibisha sana, lakini siku hiyo hakuna aliyeniitikia."

Kule sakafuni tasbihi ilimponyoka Zeenat.

Waithera alirudi nyuma hatua kwa hatua hadi mgongo ukagusa ukuta. Alizishika hedifoni kuukuu, akazibandika sikioni, akaita kwa nguvu zake zote, "Cliff! Cliff!" na hakuna kilichojibu humo, si kilio, si pumzi, ila plastiki baridi tu.

"Niko hapa, dada," alisema yule wa kitini, akainuka.