Wawili Walivyogeuka Ishirini

Kila Jumanne, baada ya kuosha vyombo, msichana mmoja alikaa mezani na kalamu huku mama yake akimsimulia mambo ya kazini. Mama alifua mashuka ya hospitali katika kiwanda cha kufulia, na habari za hapo alizipeleka kwenye gazeti la wafanyakazi. Kwa kuwa mwandiko wake haukusomeka, bintiye ndiye aliyeandika. Wafuaji wenzake walimwita Karani.

"Andika," mama alisema. "Dawa ya madoa imewaunguza mikono wenzetu wawili. Tunaomba glavu."

Karani aliona wawili ni wachache mno. Nani angewajali? Mama alipokwenda kutazama jiko, aliandika "ishirini", akafunga bahasha.

Jumamosi habari ikatoka ukurasa wa kwanza. Jumatatu meneja akawapanga wafuaji mstari.

"Haya, mama zangu, nionyesheni hao ishirini."

Walijitokeza wawili.

"Kumbe gazeti lenu ni la porojo. Basi hata hizo glavu ni porojo."

Jioni mama alisimulia yote kwa sauti ya uchovu. Chakula kilimshinda Karani.

"Mama, ni mimi. Niliongeza."

Mama akavaa viatu. "Twende kwa mhariri."

Ofisi ya mhariri ilikuwa chumba kimoja, karatasi zimejaa hadi kwenye kiti cha wageni. Aliwasikiliza mpaka mwisho.

"Umetuponza, mwanangu," alisema. "Sasa kaa uandike sahihisho. Nalo litakwenda ukurasa wa kwanza."

"Si watatucheka, mjomba?"

"Wacha wacheke. Kosa nalo halikujificha ukurasa wa ndani."

Sahihisho likatoka: walioungua ni wawili, na hivi ndivyo walivyoungua. Siku tatu baadaye mkaguzi wa kazi akafika kiwandani, gazeti kwapani.

"Ni wawili tu, mheshimiwa," meneja alisema akitabasamu.

Mkaguzi aliitazama ile mikono minne, mmoja mmoja. "Wawili wanatosha. Glavu ziwe hapa kabla ya Ijumaa."

Zilifika Alhamisi. Mama alirudi nyumbani akamketisha Karani karibu naye.

"Meneja ana geti na walinzi, mwanangu. Sisi tuna gazeti tu. Nguvu yake ni moja: mtu akienda kuangalia, anakuta mambo kama lilivyoandika. Ukitia chumvi, unamfanyia meneja kazi yake, tena bure."