Tangi Likijaa

Foleni ya wagonjwa ilitoka nje ya duka la dawa ikakunja kona. Maji yalikuwa yamekatika tangu asubuhi, koki ya chumba cha nyuma inakohoa hewa tupu, na mfamasia, dada mrefu wa koti jeupe na hereni ndogo za fedha, alikuwa amefika mwisho wa subira yake. Akaenda uani kumtafuta fundi bomba aliyemwita. Akamkuta amekaa juu ya ndoo iliyogeuzwa, spana miguuni, anasoma kitabu.

"Hongera, kaka. Watu wanaumwa huko nje, wewe unasoma hadithi."

"Si hadithi, dada. Ni habari za twiga."

"Twiga ndiye atakayeleta maji?"

"Maji yameshakuja, yanajaza tangi. Likijaa ndipo nitajua kama kiungo kinavuja. Dakika arobaini hizo. Au nikukodolee macho wewe?"

Mfamasia alitaka kukasirika, akashindwa.

"Haya, huyo twiga kafanyaje?"

"Shingo yake ina mifupa saba. Na yako ina saba vilevile. Tofauti ni urefu tu." Akainua macho. "Ingawa yako nayo haijambo."

Dada akajigusa shingo bila kukusudia. Siku hiyo wagonjwa walingoja zaidi ya ilivyopaswa.

Fundi huyu aliacha shule akiwa na miaka kumi na mitatu, baba yake alipovunjika kiuno kazini. Tangu hapo alikuwa amejaza matangi miaka ishirini, na kila tangi lilikuwa na kusubiri kwake. Wenzake walisubiri kwa sigara na soga. Yeye alinunua vitabu vya kando ya barabara, vingine havina jalada, vingine vimekatika katikati, akasoma chochote: nyuki wanavyoelekezana maua, Warumi walivyopitisha maji kwenye mabomba ya risasi, nyota, figo, vita vya wafalme waliosahaulika. Hakuwa na mpango. Hakutafuta kitu. Haba na haba, kibaba kikajaa, na watu wakaendelea kumwita pale choo kinapoziba.

Mfamasia alikuwa na shahada ukutani. Tangu aipate hakuwa amefungua kitabu kingine ila orodha ya dawa. Ndiyo maana fundi alimwingia kama maji kwenye udongo mkavu. Ikawa desturi: kila saa moja jioni, akishafunga duka, anapiga simu.

"Lete," anasema, hata salamu hakuna.

"Kwenye sayari ya Zuhura siku moja ni ndefu kuliko mwaka."

"Muongo wewe!"

"Kitabu ndicho kimesema. Sayari inajizungusha polepole kuliko inavyolizunguka jua. Ningekuwa na wewe huko, mpenzi, ukiniambia nije kesho ningekufa nangoja."

"Basi njoo leo, Bwana Tangi."

Anakwenda. Ameoga, amevaa shati la bluu lililopigwa pasi mpaka mikunjo inakata, mikono bado inanuka kidogo gundi ya mabomba. Wanakaa benchi la mbele ya duka lililofungwa, wanabishana, wanacheka, mpaka mlinzi anawauliza kama wana kwao.

Mwaka ukapita hivyo. Kisha fundi akaitwa nyumbani kwa kina mfamasia, chakula cha mchana, kuonana na mzee, baba yake.

Mzee alikuwa mwalimu mkuu mstaafu, mgane, mwenye suti ya kijivu hata ndani ya nyumba yake. Sebuleni palikuwa na kabati la vioo lililojaa vitabu vyenye migongo ya dhahabu. Lilikuwa limefungwa kwa ufunguo. Fundi aliliangalia kama mwenye njaa anavyoangalia sinia.

Walizungumza saa nzima, nyota na nyuki na wafalme. Mzee alichangamka, akawa anampiga fundi begani. "Binti yangu, huyu umemtoa wapi? Sijapata mtu wa kuzungumza naye tangu nistaafu!" Wakaketi mezani.

"Sasa mhandisi," mzee akasema, "huo mradi wenu wa maji umefikia wapi?"

Fundi akamtazama mpenzi wake. Mpenzi wake alikuwa anatazama kikopo cha chumvi.

"Unaendelea, mzee," akajibu.

"Na uhandisi ulisomea chuo gani?"

Fundi akaweka kijiko chini. "Mzee, mimi si mhandisi. Ni fundi bomba. Shule niliacha nikiwa na miaka kumi na mitatu."

Mzee akajifuta midomo taratibu.

"Na hayo yote uliyokuwa unanieleza?"

"Nimesoma tu."

"Umesoma tu." Mzee akatabasamu vibaya. "Kusoma bila cheti ni umbea, kijana. Umbea wa vitabuni."

Nje, getini, binti alimkimbilia, gauni lake la kijani linamnasa magotini.

"Ungenyamaza dakika kumi tu! Ningemwambia mwenyewe taratibu!"

"Ungeniambia mimi dakika kumi kabla."

"Nilitaka akusikilize kwanza. Asikufukuze mlangoni."

"Ulinionea aibu?"

Alipaswa kusema hapana. Hata uongo ungefaa. Lakini alivuta pumzi kwanza, na fundi hakungoja imalizike. Akaondoka. Kitabu alichokuja nacho kikabaki kwenye kiti cha sebuleni.

Siku hiyohiyo akaifungia namba ya binti kwenye simu. Wiki iliyofuata akajiandikisha masomo ya watu wazima. Alijiambia atarudi na karatasi, amtupie mzee mezani. Miaka miwili, tangi likijaa, alisoma daftari moja lilelile: sababu tano, hasara nne, faida sita. Mwalimu wake alimwonya mara moja: "Mambo ya twiga hayatoki kwenye mtihani, baba. Utapoteza muda." Akayaacha. Vitabu vyake akavitia gunia, akaviweka chini ya kitanda, kisha akamrudishia muuza vitabu kwa mkupuo.

Alifaulu. Vizuri tu.

Alivaa shati lile la bluu, akatia cheti kwenye bahasha ya kaki, akaenda duka la dawa wakati wa kufunga. Mfamasia alikuwa anateremsha mlango wa chuma. Alipomwona, akauachia, ukaanguka kwa kishindo.

"Bwana Tangi!"

"Daktari."

Akamkumbatia pale pale mbele ya watu, analia, anampiga kifuani. "Nimekupigia simu mpaka vidole vimeota sugu! Nilimwambia baba wiki ileile. Nikasema huyu ndiye, fundi bomba hivyohivyo, usipotaka nahama. Alininunia mwezi mzima. Halafu akakichukua kile kitabu chako ulichosahau, akakisoma chote."

"Mzee?"

"Akaniambia, mwite. Ulikuwa hupatikani." Akajifuta machozi. "Alifariki miezi minne iliyopita. Ufunguo wa kabati amekuachia wewe. Alisema, mpe yule, angalau yeye atavifungua vitabu hivyo. Mimi nimefungua viwili vitatu, nisamehe. Unajua pweza ana mioyo mitatu?"

Wakakaa kwenye benchi lao. Akamwekea ufunguo kiganjani. Fundi akaugeuzageuza.

"Pole kwa msiba," akasema. Kisha akatoa cheti, akakinyoosha mapajani. "Tazama. Na mwezi ujao naanza stashahada."

"Hongera, mpenzi. Kweli hongera." Akamlalia begani. "Haya. Lete."

"Nilete nini?"

"Umesoma nini leo?"

Fundi alifikiri. "Sababu tano za mmomonyoko wa udongo. Ya kwanza, ukataji..."

Binti akacheka, akidhani ni utani. Akaona si utani. Cheko likafia mdomoni.

"Na vitabu vya baba? Utavichukua lini?"

"Vinahusu nini?"

"Kila kitu."

"Vinatoka kwenye mtihani?"

Mfamasia akauchukua ufunguo kiganjani mwa fundi, kwa upole.

"Nimekungoja miaka miwili," akasema. "Niliyekuwa namngoja hakuja."

"Si wewe uliyetaka mhandisi?"

"Ni mimi. Ndiyo, ni mimi." Akainama, paji la uso likagusa magoti. "Mungu anisamehe."

Fundi akachukua bahasha yake, akaenda.

Kesho yake alikuwa juu ya paa la nyumba ya mtu, tangi linajaa, daftari liko wazi magotini. Hakuwa anasoma. Aliona tu ile shingo ya binti iliyoinama, mifupa inachomoza chini ya ngozi mmoja mmoja. Saba. Hilo hakuulizwa kwenye karatasi yoyote, na ndilo pekee alilokuwa bado analikumbuka bila kulikariri.

Chini, mwenye nyumba akapiga kelele. Tangi lilikuwa limefurika.