Mwenye Gombo

Nilimwambia mama mkwe wangu nakwenda kununua ubani. Jua lilikuwa likizama nyuma ya mikaratusi ya kilima cha Entoto, mvua imekatika, na ndani ya koti nilikuwa nimeficha gombo la ngozi linalonuka mbuzi na masizi.

Ubani tulikuwa nao. Mama mkwe alijua. Alinitazama tu mpaka nikavuka lango.

Chumbani, mke wangu Yewubdar alikuwa na siku ya kumi na tisa bila kumeza chochote ila maji.

Kosa lilikuwa langu. Kwa miaka kumi na mmoja niliandika filamu hapa Addis Ababa. Siku moja ofisi ya vibali iliniuliza, kwa barua yenye mihuri miwili, pepo wa ukurasa wa arobaini ni mkazi wa wilaya gani. Nikajibu kwa maandishi. Kibali kikatoka, kwa sharti kwamba pepo atubu kabla filamu haijaisha. Ndipo nikahamia riwaya.

Riwaya ni kazi nyingine. Filamu hutaka kinachoonekana; riwaya ya kutisha hutaka kilichomo kichwani mwa mtu. Kichwa cha karibu kilikuwa cha Yewubdar. Mwaka mzima nilimuuliza ameota nini, anaogopa nini, kisha naingia chumba cha pili kuandika.

Kwa ajili ya jalada nikataka gombo la kweli. Nikapanda kwa Merigeta Yitbarek, msomi wa kanisa anayeandika magombo ya kinga. Mimi nikaomba la kuita pepo, si la kufukuza. Gombo hukatwa sawa na kimo cha mwenyewe, na huandikwa jina lake la ubatizo. Jina hilo kwetu halitajwi ovyo. Akilipata mwenye nia mbaya, amekupata wewe.

“Amete Giyorgis,” nilimwambia Merigeta. “Nimebuni. Kimo weka cha mtu mzima yeyote.”

Alicheka. “Majina yote hubuniwa, mwanangu. Wenyewe huzaliwa baadaye.”

Wiki ile ile Yewubdar aliliona gombo mezani. Akaweka sahani chini, taratibu.

“Nani kakuambia jina langu?”

Sikuwahi kulijua. Tulifunga ndoa manispaa. Karani alidai vyeti vinne na picha sita, lakini jina la ubatizo hakuuliza. Niliapa. Hakuniamini. Usiku huo akaacha kula, na tangu hapo, kila nikiingia chumbani, anageukia ukutani.

Basi, nikapanda tena kilima.

Merigeta alikuwa amesimama mlangoni. Sikuwa nimepiga hodi.

“Umekawia,” alinong’ona. “Anakula?”

Sikuwa nimemwambia mtu kwamba kuna mgonjwa.

“Futa jina, Merigeta.”

“Kufuta nitafuta. Lakini gombo halikai bila mwenyewe. Likikaa tupu...” Akakitazama kifua changu. “...linamchukua aliyelibeba. Nipe jina jingine.”

Nikampa gombo, na kisu kikaanza kukwangua ngozi yake. Kwaruu... kwaruu... Harufu ya nywele zilizoungua ikajaa chumba, na moto haukuwepo.

Jina langu mwenyewe lilikuja hadi kwenye ncha ya ulimi. Likakaa hapo.

“Welete Tsiyon,” nikasema. “Nimebuni.”

“Kimo?”

Nikawapanga kichwani wanawake wote ninaowajua, warefu na wafupi, kisha nikashusha mkono chini ya wote. Ukafika kiunoni. Nilijiona mjanja.

“Una hakika?”

“Hakuna mwanamke wa kimo hiki.”

“Mwanamke, hapana,” akasema.

Akaanza kukata.

Niliporudi, Yewubdar alikuwa ameketi kitandani, anachovya mkate wa injera kwenye mchuzi wa shiro na kumeza kama mtu aliyetoka kulima. Mama mkwe analia. Nilitaka kumshika mke wangu bega. Akalisogeza.

“Umempa Merigeta jina la nani?”

“La kubuni.”

“Langu nalo lilikuwa la kubuni.”

“Labda ulilitamka usingizini, Yewubdar.”

“Labda. Mimi usingizini husema, wewe huandika.” Akalamba kidole. “Sasa hili la pili... umelisikia wapi?”

Sijui mpaka leo. Nyumba yetu na ya jirani zinatenganishwa na ukuta wa mabati, na mimi huandika dirisha likiwa wazi.

Siku ya tatu niligundua kwamba uani pamekuwa kimya. Rediet, binti wa jirani, mwenye miaka sita, hakuonekana na kamba yake ya kuruka. Nikasubiri hadi saa kumi. Nikagonga.

Mama Rediet akafungua kidogo. Macho yake yalikuwa mekundu.

“Kuna nini leo, mwandishi? Una shida?”

“Mtoto hajambo?”

“Hataki kula. Homa tu.”

Nilijua swali moja tu la kuuliza. Kwa jibu lake ningeweza kukimbia kilimani kabla giza halijaingia na kutaja jina langu mwenyewe. Au ningeweza kwenda zangu kulala.

“Mama Rediet,” nikanong’ona, “samahani... jina lake la ubatizo ni nani?”

Alinitazama vile anavyopaswa kutazamwa mtu anayeuliza hilo.

Akafunga mlango. Nikasikia komeo. Kisha la pili.

Kisha sauti ya kitu kizito kikiburutwa kuegemezwa mlangoni... na nyuma yake kabisa, mtoto anaomba maji.