Nyayo za Kwendea

Jambo la kwanza kuharibika asubuhi ile ni kwamba mama mkwe alisema asante.

Alilisema wakati anapanda gari, akitoka nyuma ya jiwe kubwa alikokwenda kujisaidia. Alijivuta juu, akaketi mahali pake nyuma ya dereva, akasema, "Asante kwa kunisubiri, mwanangu." Dereva, ambaye ndiye mkwe wake, aligeuka kuangalia ni nani mwingine anayeambiwa.

Miaka tisa! Kwa miaka tisa mama huyu hakuwahi kumsemesha mkwewe neno moja ana kwa ana. Alichotaka kilipitia kwa binti yake, hata wakiwa wamekaa meza moja. "Mwambie mwanaume wako asogeze chumvi." "Muulize mwanaume wako, ana shati lingine au ni hilo hilo la kazini?" Naye mkwe alijibu kwa njia hiyo hiyo, chumvi ikasogea, chuki ikabaki pale pale.

Kazini walimwita Vumbi. Alikuwa mwongoza watalii katika hifadhi ya taifa iliyokuwa mbali na kila kitu, na jina hilo alilipata kwa sababu alisoma vumbi kama wengine wanavyosoma gazeti. Mwonyeshe unyayo mmoja tu, atakwambia huyu ni fisi, jike, anachechemea, kapita kabla ya umande kukauka. Wageni walimpenda kwa hilo. Mama mkwe alisema, kupitia kwa binti yake, kwamba mtu mzima anayeishi kwa kuchungulia mahali nyani alipokanyaga angefaa kupimwa kichwa.

Kampuni iliwaruhusu waongozaji, mara moja kwa mwaka, kuzizungusha familia zao nusu siku: kuingia alfajiri, kutoka kabla ya saa sita. Vumbi aliitumia nafasi hiyo kwa mama mkwe kwa sababu moja tu. Mama alikuwa amekuja na mabegi mawili matupu. Kesho yake angeondoka na binti yake na mjukuu wake, wasirudi tena, na mke wa Vumbi, aliyekwisha kuchoka na mume wa safari zisizoisha, hakuwa amesema hapana. Nusu siku hiyo ndiyo ilikuwa karata ya mwisho ya Vumbi. Labda bibi akiona twiga moyo ungelainika.

Langoni askari aliwahesabu kwa kalamu: Vumbi, mkewe, binti yao wa miaka sita, na bibi. "Wanne mmeingia, wanne mtoke," alisema kama alivyowaambia watu wote. "Akipungua mmoja tunalala porini tukimtafuta."

Twiga walionekana. "Mwambie mwanaume wako hawa hata kwenye kalenda wapo." Tembo walionekana. "Mwambie apunguze mwendo, au anataka kuniua ili abaki nawe?" Saa mbili nzima, na mke wa Vumbi akitazama dirishani kama mtu aliyepanda gari na watu asiowajua. Kisha mama akataka asimamishiwe, amebanwa.

Kulikuwa na sheria, na kulikuwa na mazoea. Sheria ilisema hakuna kushuka mpaka kituo cha mapumziko, mwendo wa nusu saa mbele, penye vyoo. Mazoea yalisema kwenye lile jiwe jeusi hasimami mtu. Waongozaji wa zamani hawakusimama pale, wala hawakueleza kwa nini, na wapya hawakuuliza. Vumbi aliyajua yote mawili. Lakini alikuwa amekasirika, na hasira ilimnong'oneza kwamba miiba na viwavi vingemfundisha bibi adabu kidogo. Akakanyaga breki pale pale.

Ndipo mama akaenda, akarudi, akasema asante.

Kuanzia hapo alisifia kila kitu. Aliusifia uendeshaji. Aliwasifia nguruwe pori. Ndani ya gari kukawa na harufu ya udongo uliolowa, na mvua ilikuwa haijanyesha miezi mitano. Mtoto, aliyekuwa amepakatwa na bibi yake tangu alfajiri, alishuka mapajani taratibu, akahamia kwa mama yake, akaficha uso.

"Mama, unaumwa?" aliuliza mke wa Vumbi.

"Mimi ni mzima, binti yangu. Nilikuwa nafikiri tu. Hayo mambo ya kuondoka tuyaache. Una mume mwema sana."

Vumbi aliukaza usukani kwa mikono miwili, kwa furaha. Ndiyo, furaha. Hakuna haja ya kumsingizia kitu kingine.

Njia ya kurudi ilipita tena kwenye jiwe. Vumbi hakukusudia kutazama, lakini macho ya mtu wa kazi hayapumziki. Aliziona nyayo za mama mkwe kutoka barabarani, kisigino cha kushoto kikiburuta kwa sababu ya nyonga mbovu, zikielekea nyuma ya jiwe. Za kwendea. Za kurudia hazikuwapo.

"Naangalia tairi," alisema, akashuka.

Alitafuta pande zote. Alitafuta hata kwato, maana kila mtu amesikia habari za majini wenye kwato, na angeziona angalau angejua la kufanya, yaani kukimbia. Hapakuwa na kwato. Aliyetoka nyuma ya jiwe hakuwa amekanyaga chini. Na huko nyuma, kando ya mahali nyayo zilipokoma, kilikuwa kimelala kiatu cha kushoto cha mama mkwe, kisigino kimelika upande. Mama aliyeketi ndani ya gari alikuwa na viatu vyote viwili miguuni.

Ndipo akasikia sauti, mbali, kwenye vichaka, kama inatoka chini ya ardhi kidogo. "Mwambie mwanaume wako aje anitoe huku! Mwambie huyo mpumbavu! Anasikia, najua anasikia!"

Ilikuwa sauti yake hasa, na chuki yake hasa, haikupungua hata chembe. Wazee walisema zimwi likujualo halikuli likakwisha, na hili lililokuwa linapiga kelele kichakani Vumbi alikuwa amelijua miaka tisa. Redio ya kuwaita askari ilikuwa kwenye gari, hatua kumi. Lakini aliyafikiria yale mabegi mawili matupu yaliyosimama barazani, akaifikiria nyumba bila mtoto, akageuka na kumwona mama wa ndani ya gari akimtazama kupitia dirishani kwa upole, kama mtu asiye na haraka ya jibu. Vumbi akakisukuma kiatu kwa mguu mpaka kikaingia chini ya jiwe. Akavunja tawi. Akafagia, kuanzia kwenye jiwe hadi barabarani, akirudi kinyumenyume, mpaka vumbi likawa jeupe kama karatasi.

Alipopanda, mtoto alikuwa amesimama kwenye kiti, ametega sikio. "Baba, bibi anaita kule."

"Ni ndege tu, mwanangu," alisema Vumbi, akawasha gari.

Langoni askari alizungusha kalamu yake. Wanne waliingia, wanne wametoka. Kizuizi kikainuka. Hakuna mtu duniani ambaye angekwenda kumtafuta mama yule, kwa sababu kwa hesabu ya serikali hakuwa amepotea.

Mabegi hayakujazwa. Mama mkwe alikaa siku tatu, kisha wiki, akawa mtamu wa maneno hata majirani wakamwonea Vumbi wivu. Akajitwalia kazi moja tu ya nyumba. Kila alfajiri alifagia uwanja wa mchanga, kinyumenyume, kutoka mlango wa jikoni hadi kwenye tangi la maji lililokuwa nyuma ya nyumba, asibakize hata alama ya kuku. Vumbi alizoea kuusoma uwanja ule kila akiamka, paka kapita wapi, jirani kaja kuomba nini, na sasa kila asubuhi ulikuwa mtupu. Na ile harufu ya udongo uliolowa ilikuwa imeingia kwenye mapazia, kwenye mito, kwenye nywele za mtoto.

Mke wake alimvuta jikoni mchana wa siku ya tisa, akafunga mlango.

"Yule si mama yangu," alinong'ona.

"Mama yako kabadilika. Watu hubadilika."

"Mama yangu hajawahi kunisifia chai tangu nizaliwe. Yule anasifia hata maji. Nimemgusa mkono jana, mume wangu. Ni baridi kama kitu kilichotolewa kisimani." Alimshika shati kifuani. "Ulishuka pale kwenye jiwe. Uliona nini?"

"Niliangalia tairi."

"Wewe? Unayeona hadi mdudu alikopita?"

"Nimekwambia sikuona kitu."

Aliliachia shati, na Vumbi aliona kwamba hakuaminiwa, na kwamba chuki ya mama mtu ilikuwa imepata mrithi. "Lile ni jini," alisema mke wake. "Kesho nakwenda kwa yule askari wa lango. Nitamtafuta mama yangu hata kwa magoti. Na nikimpata, mimi na wewe basi."

Mlango ulikuwa umefungwa kwa komeo. Hata hivyo mama mkwe alikuwa amesimama upande wa ndani, karibu na stuli, ufagio mkononi.

"Mnanong'ona nini, wanangu?" aliuliza kwa upole. "Nyumba yenye amani hainong'oni."

Asubuhi iliyofuata Vumbi aliamshwa na ukimya. Hakusikia ufagio. Kitanda upande wa pili kilikuwa kimetandikwa, na jikoni mke wake alikuwa akichemsha chai, ametabasamu kwa meno yote. "Asante kwa kila kitu, mume wangu," alisema. "Mambo ya langoni tuyaache. Nina mume mwema sana."

Harufu ya udongo uliolowa ikampiga usoni. Alitoka nje bila viatu. Uwanja haukufagiwa, na juu ya mchanga, wazi kama barua, zilikwenda nyayo za ndala za mke wake, kutoka mlango wa jikoni hadi nyuma ya tangi. Za kwendea. Alitafuta za kurudia kama mtu anayetafuta ufunguo aliokwisha kujua kwamba umepotea.

Mama mkwe alimnyooshea ufagio. "Leo nimekuachia mwenyewe," alisema. "Unajua kufagia, mwanangu."

Ndipo kutoka nyuma ya tangi, mbali kuliko uwanja ulivyoweza kuwa, ikaja sauti ya mke wake, imepasuka kwa hasira: "Uliona! Uliona ukanyamaza! Umemuuza mama yangu, umeniuza na mimi, muuaji wee!"

Hapo Vumbi, tumpe haki yake, hakuupokea ufagio. Alikimbia. Alikimbia akiita jina la mke wake, akalizunguka tangi ambalo kati yake na ukuta pana hatua mbili tu, lakini hatua mbili hazikuisha, akakimbia na mchanga ukawa vumbi na vumbi likawa jeupe, na miiba ikaanza kumchana miguu, na sauti ya mke wake ikawa mara kulia mara kushoto, ikimtukana, na nyingine kuukuu zaidi ikaijibu, mwambie mwanaume wako, mwambie huyo mpumbavu, na kila alipozikaribia zilisogea mbele kiasi kile kile, mpaka pumzi ikamwishia, akashika magoti, na kitu cha kwanza alichokisikia moyo ulipotulia kidogo kilikuwa mkwaruzo wa ufagio nyuma yake.

Mchimba kisima huingia mwenyewe. Aligeuka.

Uwanja wake ulikuwa kule, mdogo, kama unauona kwa kuchungulia bomba. Mama mkwe alikuwa akifagia kinyumenyume kuelekea jikoni, taratibu, bila haraka, akifuta nyayo za miguu mitupu ya mwanaume, moja baada ya nyingine. Za kwendea. Na kwenye mlango wa jikoni alisimama mtu amevaa shati la kazi la Vumbi, amemshika binti yake mkono.

Vumbi alipiga kelele. Alimwita mtoto, alimwita mpaka koo likatoa ladha ya damu, akawatukana wote waliokuwa kwenye uwanja ule kwa matusi aliyokuwa ameyaficha miaka tisa.

Mtoto alitega sikio. "Baba, kuna mtu anaita kule."

"Ni ndege tu, mwanangu," alisema yule mtu, kwa sauti ile ile ya Vumbi ila tamu zaidi, na wakaingia ndani kunywa chai.