Mchumba Wangu Aliniita Mrundi Ili Nisipande Ndege

Wasomaji wenzangu, mimi ni binti wa miaka ishirini na minne, mzaliwa wa Kitanga, wilayani Kasulu. Sijaolewa, na kwa sasa sitaki hata kusikia habari za kuolewa. Nikiwaeleza yaliyonipata mtajua ni kwa nini...

Baba alifariki nikiwa darasa la sita. Nikabaki na mama, ambaye alizaliwa Burundi na kuolewa Kitanga akiwa bado msichana, kabla hata kambi ya wakimbizi ya Mtabila haijafunguliwa. Kiha chetu na Kirundi ni lugha ndugu, watu wakasahau ametoka wapi. Yeye mwenyewe alishasahau! Alilima, akazika mume, akaimba kwaya kanisani. Nani angemuuliza karatasi?

Mama alikuwa akiuza ndizi kule kambini Mtabila, nami nilimsaidia kubeba. Huko ndiko nilikomkuta Mzee Nestori, mkimbizi mwembamba mwenye kikohozi, akicheza sataranji peke yake mlangoni. Ubao wake ulikuwa kipande cha boksi. Kete alizichonga mwenyewe, na farasi mmoja alikuwa amepotea, mahali pake amesimamisha gunzi la mahindi. Nilicheka. Akaniambia niketi.

Jamani, yule mzee alikuwa mtu! Ujanani aliiwakilisha nchi yake kwenye mashindano ya kimataifa, akafika Ulaya na Asia, na safari moja alitoka sare na mchezaji mwenye cheo cha bingwa mkuu, ambacho katika mchezo ule hakuna cha juu zaidi. Michezo yake yote ilikuwa kichwani. Aliirudia mbele yangu kete kwa kete, akinionyesha alipokosea. Alinisimulia pia wanawake wa nchi za mbali, watoto wa watu wa kawaida kama mimi, waliofika kwenye cheo hicho.

"Pale mezani hawakuulizi umetoka wapi," alipenda kusema. "Wanauliza ni zamu ya nani."

Mwaka 2012 kambi ikafungwa, Mzee Nestori akarudishwa kwao. Nililia kama niliyefiwa. Nikaendelea kucheza na walimu waliohamishiwa Kasulu mjini kutoka mikoa mingine, nikawafunga mpaka wakaanza kunikwepa. Mwaka uliofuata walinipeleka kwenye mashindano Kibondo. Nikawafunga wote, wanaume kwa wanawake! Daktari mmoja alikasirika hata akakataa kunipa mkono.

Basi mwaka 2014 nikaitwa Dar es Salaam kwenye mchujo, nikachaguliwa kwenye timu ya wanawake ya taifa. Tulikuwa twende kucheza Ulaya. Mimi, mtoto wa muuza ndizi! Kilichobaki ilikuwa pasipoti tu.

Wakati huo nilikuwa na mchumba, Joakimu, fundi simu wa Kasulu mjini, kwao Rungwe Mpya. Nilimpenda kijana yule kwa moyo wangu wote. Nilimweleza kila kitu, hata asili ya mama. Kwa mtu anayekuja kukuoa unaficha nini?

Nilipokwenda ofisi ya uhamiaji kufuatilia pasipoti, nikaambiwa imeletwa taarifa kwamba mimi ni Mrundi, mwana wa Mrundi, nimezaliwa kambini Mtabila. Nikacheka, nikidhani ni utani. Afisa hakucheka. Walipoulizia, wachuuzi wakasema kweli, binti yule alikuwa akishinda kambini. Ni kweli nilikuwa nikishinda kambini... kwenye sataranji! Na kwa hofu Kiswahili kikaniponyoka, nikajikuta najibu kwa Kiha, nao wakasikia Kirundi.

Joakimu alinifariji! Alininunulia soda, akanifuta machozi.

"Mungu hakupanga, Yusta," akasema. "Tufunge ndoa kwanza, mashindano yapo tu."

Nyumbani nilimweleza mama yote. Asubuhi akavaa kitenge chake cha kanisani. Nilijua anakokwenda, nikamshika mkono.

"Niache, mwana wanje," akaniambia, maana yake mwanangu. "Wewe baba yako amelala hapo kwenye migomba. Mrundi ni mimi, na nitawaambia mwenyewe."

Akaenda na mwenyekiti wa kijiji, akasema ukweli wote. Ukweli ule ulinisafisha mimi, ukamwangamiza yeye. Hakuwa na kibali hata kimoja, akaambiwa avuke mpaka. Aliondoka na kikapu na jembe. Jembe! Akalime wapi, wakati ndugu zake wote walishakufa?

Pasipoti ilitoka, lakini timu ilishaondoka na nafasi yangu amepewa mwingine. Nilikishika kile kijitabu nikatamani kukitupa chooni.

Ndipo mwenyekiti akaja nyumbani.

"Binti yangu, nimenyamaza nimeshindwa," akasema. "Aliyepeleka maneno ofisini ni huyo huyo mkwe wetu."

Nilikwenda dukani kwa Joakimu. Alikuwa amefungua simu ya mtu, bisibisi mkononi. Nikamuuliza mbele ya wateja.

"Nilitaka ucheleweshwe tu, ndege iondoke!" akasema. "Ukishaona Ulaya, ungerudi kwa fundi simu? Naapa, Yusta, mama sikumtaja kwa ubaya."

"Ulimtaja kwa uzuri?"

Akaanza kulia, na mimi nikaondoka. Mpaka leo sijakanyaga mtaa ule.

Mwaka huu wa 2015 Burundi ikachafuka, watu wakamiminika tena Kigoma. Kila waliposhushwa kwenye kambi nyingine hapa Kasulu nilikwenda kuwatazama sura. Siku moja nikamwona mama... amekonda, amejifunga kitenge kisicho chake. Mama yangu amerudi Kasulu akiwa mkimbizi! Hawezi kutoka kambini bila ruhusa kwenda kupalilia kaburi la mumewe.

Hakuuliza habari za shamba. Hakumuulizia Joakimu. Alinishika mashavu akauliza, "Ile ndege, ulipanda?"

Ningemjibu nini, wasomaji wangu?

"Nilipanda, mama."

"Ukacheza?"

"Nikacheza. Nikashinda."

Akapiga vigelegele pale pale kwenye foleni ya maji, akawaita wanawake wenzake waje wamtazame mwanawe.

Dada zangu, mapenzi ni matamu, lakini siri ya mzazi si zawadi ya kumpa mchumba. Nanyi kaka zangu, ukiogopa kuachwa, mwambie mwenzako kwamba unaogopa. Joakimu angeniambia, huenda ningemwelewa. Maneno yake yalikuwa machache, akidhani yatazuia safari ya mtu mmoja tu. Nawasihi, msifuate njia hiyo.

Kesho nitakwenda kambini kumwona mama. Atawaita jirani zake, atanikalisha katikati, ataniomba nisimulie tena jinsi ndege inavyopaa. Nami nitasimulia.