Salfa ya Alfajiri Ile

Kila asubuhi kabla ya kwenda shule, Saida hufagia uwanja wetu pale Kilangala, akanichemshia uji, kisha akanichokoza. Mimi ni bibi yake, na utani ndio chai yetu. "Mke mwenzangu, meno yamebaki mangapi leo?" huniuliza. "Ya kukung'ata wewe yapo," humjibu.

Lakini wiki moja alifagia kimya. Uji ukaungua, nikamwambia sasa tumepata kahawa. Hakucheka.

Nyumba nzima ilikuwa nzito. Mwanangu Nassibu, baba yake Saida, ni bwana shamba wa kijiji. Wenzake walioanza naye kazi walishapandishwa daraja, yeye akarukwa mara ya pili. Mkubwa wake alisema ni mtoro, eti msimu wa kupulizia mikorosho hakuonekana kazini. Hakuitwa wala kuulizwa. Alikata rufaa, ikatupwa. Ndipo akafungua kesi mahakamani, Lindi mjini. Mbuzi wetu wawili waliuzwa apatikane wakili. Mimi nilinusurika kwa kuwa sina nyama.

Jumamosi wakili, Bi Helena, alikuja nyumbani.

"Utaapa kwamba hukukosa kazini hata siku moja," alimwambia Nassibu. "Ni kweli?"

"Kweli. Alfajiri zote nilikuwa kwa wakulima. Hata siku ile mkulima Mzee Likwata anayodai sikufika, nilikuwa shambani kwake. Muulize binti yangu, ndiye hunimulikia njia."

Saida alitazama kucha zake. "Alikuwepo," akasema.

Jioni tulipokuwa tunamenya muhogo, nilimwona anameza mate bila kula kitu.

"Mke mwenzangu, kooni umekwama muhogo au maneno?"

Akalia. Kisha akasimulia. Siku ile mashine ya kijiji ya kupulizia salfa, ile dawa ya unga ya mikorosho, ilikuwa kwenye zamu ya Mzee Likwata. Baba yake aliipeleka kwanza kwenye mikorosho yetu. Salfa hupulizwa alfajiri, majani yakiwa na umande na upepo umelala. Alipomaliza yetu, jua lilishapanda na upepo umeanza. Kwa Likwata hakwenda. Kesho yake mashine ikahamia kitongoji kingine. Maua ya mikorosho ya mzee yakaingiwa na ugonjwa wa ubwiri, yakakauka meusi. Rosa, mjukuu wake anayekaa dawati moja na Saida, sasa anakuja shule kwa zamu, maana yeye na dada yake wana sketi moja.

"Nikisema, Baba atashindwa kesi," alisema Saida.

"Akishindwa tutakula uji wako wa kuungua. Nimeshauzoea."

Alijifuta machozi, akaenda kusimama mbele ya baba yake.

"Baba, nimemdanganya Bi Helena."

Nassibu aliweka chini kikombe cha chai. "Unataka nishindwe?"

"Sitaki. Lakini Rosa ananiuliza kwa nini mikorosho yetu ilizaa na yao haikuzaa."

Usiku huo mwanangu hakula. Asubuhi alimpigia simu wakili, akamwambia yote.

Siku ya kesi, upande wa pili walikuwa wamemleta Mzee Likwata aje kumuumbua. Lakini Nassibu alishakiri siku ile moja kwa kinywa chake, hakukuwa tena na la kuumbua. Hakimu akasema kosa la siku moja lipo, ila mkubwa wake alimwita mtoro wa msimu mzima bila kumsikiliza. Akaamuru wamsikilize na waamue upya.

Daraja alilipata mwaka uliofuata, pamoja na barua ya onyo. Miaka iliyopotea haikurudi. Mbuzi nao hawakurudi.

Siku ile ile ya kesi, nje ya mahakama, Nassibu alimfuata Mzee Likwata. "Shikamoo, mzee." Likwata alimtazama kuanzia viatu hadi kichwani. "Marahaba," akasema taratibu. "Msimu ujao unaanzia kwangu."

Na kweli, ulipofika msimu, mashine ilianzia kwa Likwata, na Nassibu aliibeba mwenyewe mgongoni gizani, Saida akimulika njia. Waliporudi wamejaa vumbi la njano, alimwambia binti yake: "Nilikuwa nalia kwamba nimenyimwa haki yangu bila kusikilizwa, kumbe na mimi nilikuwa nimemnyima mzee wa watu haki yake. Ukidai haki, mwanangu, sema kweli yote, pamoja na ile inayokuuma. Ungenyamaza, ningepoteza kazi na jina."

Saida akaniletea uji. Haukuwa umeungua. Nikamlalamikia kwamba leo nimekosa kahawa, naye akauliza meno yamebaki mangapi.